Robusta inabeba lawama ya jinsi inavyovunwa

Kahawa inayouzwa duniani ni hasa ya aina mbili, arabika na robusta, na wapenzi wa arabika husema robusta ni chungu na duni. Wana hoja ya kweli. Buni ya arabika ina sukari na mafuta mengi kuliko robusta, kafeini yake ni karibu nusu, na katika miinuko yenye baridi tunda lake huiva polepole. Uchungu wa robusta upo, wala siukatai. Ila robusta ni takriban asilimia 40 ya kahawa yote duniani, na kuuhukumu mti wenyewe bila kutazama unavyovunwa ni kuuonea.

Arabika nzuri huchumwa tunda moja moja likiwa jekundu, humenywa mapema, huvundikwa hadi utelezi unaoshika buni uachie, huoshwa, kisha huanikwa juu ya vichanja. Robusta nyingi hukwanyuliwa tawi zima, mbichi na mbivu pamoja, ikaanikwa na maganda yake, pengine juu ya udongo mtupu. Kahawa yoyote ikitendewa hivyo itanuka vumbi na ukungu. Kusini mwa India wapo wakulima wanaomenya na kuosha robusta, na kinywaji kinachopatikana ni laini, hakina ule ukali unaosemwa. Lakini kwa miaka mingi soko limeilipa robusta bei ya chini, mkulima akaona kuchagua mbivu ni kazi ya bure. Na kwa kuwa hachagui, mnunuzi naye anapata sababu ya kutoongeza bei.

Kuna pia deni lisilotajwa. Arabika yenyewe ni uzao wa kale wa robusta na jamaa yake wa porini, Coffea eugenioides. Ndiyo maana ina kromosomu (nyuzi zinazobeba urithi ndani ya seli) 44, wazazi wake 22 kila mmoja. Tena hujichavusha yenyewe, hivyo miti yake inafanana mno, na ugonjwa unaoushinda mmoja huishinda mingi. Kutu ya majani, ugonjwa wa ukungu, ilipoonekana Ceylon, Sri Lanka ya leo, mwaka 1869, kilimo cha kahawa kiliporomoka na kisiwa kikahamia kwenye chai. Kutu ilipofika Java, kisiwa cha Indonesia, wakulima waliokolewa na robusta. Baadaye, kisiwani Timor, arabika na robusta zilichavushana bila mkono wa mtu, na kizazi chake kikastahimili kutu. Damu hiyo imo ndani ya aina za arabika zinazopandwa leo, Ruiru 11 ya Kenya na Castillo ya Colombia. Anayeagiza kahawa ya Colombia kwa kuikimbia robusta huenda anainywa bila kujua.

Tusiikweze kupita kiasi, hata hivyo. Mnyauko fuzari, ugonjwa wa ukungu unaoukausha mti, uliangamiza robusta nyingi Uganda, na nyanda za juu za Vietnam huimwagilia kiangazi kwa maji ya visima yanayozidi kupungua. Hayo ni matatizo ya kilimo, na yanatibika kwa utafiti na fedha. Vigezo vya kuonja robusta kwa sifa zake yenyewe vipo tayari. Kilichobaki ni wanunuzi kuvitumia wanapopanga bei, ili anayechuma mbivu peke yake alipwe zaidi ya anayekwanyua.