Kati Outinen hakuanzia Cannes

Makala yenu kuhusu Kati Outinen, mwigizaji wa Ufini, inasema nyota yake iling'aa kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 2002. Ni kweli, tuzo ya mwigizaji bora wa kike aliipata huko kwa kuigiza mhusika Irma wa Jeshi la Wokovu, ila Wafini walishamjua tangu 1980 kupitia filamu Täältä tullaan, elämä! Anayetaka kuuona ufundi wenyewe aanze na filamu Tulitikkutehtaan tyttö (Msichana wa Kiwanda cha Viberiti, 1990), dakika 70 hivi tu. Humo yeye ni Iris, anayekagua vibandiko vya viberiti huku mashine zikinguruma, uso mkavu, maneno ya kuhesabu. Macho ndiyo yanayosema. Anayeiga uso ule bila kuwa na kitu anachokizuia moyoni huishia kununa. Na ualimu mmeuruka kabisa: alikuwa profesa wa uigizaji Helsinki hadi 2013.