Kiarostami na giza la Uganda

Wapenzi wa sinema wakimtaja Abbas Kiarostami, mwongozaji filamu wa Iran, wengi hukimbilia mwaka 1997, alipotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, kwa filamu yake Taste of Cherry. Sawa, tuzo ni tuzo, ingawa aligawana na Mjapani Shohei Imamura. Kwangu mimi, kazi yake inayotuhusu zaidi huku Afrika Mashariki ni ile inayopitwa haraka: ABC Africa, filamu yake kuhusu yatima wa Uganda, iliyotoka mwaka 2001.

Alizaliwa Tehran mwaka 1940, akasomea uchoraji huku akijilipia masomo kwa kazi ya trafiki. Kuanzia 1970 alitengeneza filamu kwenye taasisi ya watoto na vijana, na watoto wakabaki naye. Katika Where Is the Friend's House? ya mwaka 1987, mvulana wa kijijini amebeba daftari la mwenzake kimakosa, naye mwalimu ameshatishia kumfukuza huyo mwenzake. Basi anatoka mbio kulirudisha. Hakuna zaidi ya hapo, na bado roho inakuwa juu juu mpaka mwisho. Tetemeko la mwaka 1990 lilipoiangusha sehemu ya kaskazini mwa Iran ilikopigwa filamu hiyo, Kiarostami alikwenda kuwatafuta wale watoto, na safari hiyo ikazaa filamu nyingine.

Ndiyo maana sishangai IFAD, mfuko wa maendeleo ya kilimo wa Umoja wa Mataifa, ulipomwita Uganda akawatazame yatima walioachwa na UKIMWI. Alikwenda na kamera ndogo za dijitali, kama mtu anayekagua eneo tu kabla ya kazi yenyewe. Aliporudi na kuzitazama zile picha, akaona filamu ndiyo hiyo, kwa nini arudie?

Kuna usiku mmoja hotelini umeme unakatika. Mkurugenzi mwingine angezima kamera. Yeye anaiacha, na kwa dakika kadhaa kioo ni cheusi ti, unasikia sauti tu za watu wakipapasa ngazi. Sisi wa mgao wa umeme hatuhitaji kuelezwa.

Lakini sitamsifu kwa kila kitu. Watoto wanaimba na kurukaruka mbele ya kamera mpaka inachosha, na wenzi wa Kiaustria wanaomchukua mtoto kumlea wamepewa muda mrefu mno. Ningeukata muda huo niwape wale akina mama wa vikundi vya kuweka akiba, waliobeba wajukuu na watoto wa jirani. Wao ndio wenye habari.

Hata hivyo, alichokionja Uganda hakukiacha. Mwaka 2002 akatoa Ten: kamera mbili ndogo ndani ya gari, mwanamke anaendesha Tehran, abiria wanapanda na kushuka, wanabishana. Hakuna anayesimama nyuma ya kamera, na mtoto wa huyo mwanamke anamfokea mama yake kama vile hakuna mtu anayewaona. Sidhani kamera kubwa na mafundi kumi wangempata mtoto yule.