Hass waachieni Njombe, ua wa Dar upandwe miti ya Pwani

Kila masika yakikaribia magrupu ya WhatsApp yanajaa matangazo ya miche ya parachichi la Hass, picha ya mti mfupi umebeba matunda mpaka chini, na hapo hapo mtu wa Goba na mtu wa Kibada wanauliza bei na kama wanaletewa mpaka nyumbani. Wengine wanauziwa hadi miche ya epo, yaani tufaha. Jamani, epo Kibada?

Hass ni tunda zuri sana, sina ugomvi nalo, ila ni mti wa watu wa baridi. Njombe, Rungwe, Kilimanjaro kule usiku kunapoa kweli, na ule ubaridi ndio unaosukuma mti utoe maua. Huku kwetu Februari mchana unagonga nyuzi 32 na usiku hakupoi, kwa hiyo mti unanawiri majani tu, na hata ukitoa maua mengi yanapukutika. Epo ndo kabisa, lazima ipitie kipindi kirefu cha baridi ndo ichipue vizuri, ndiyo maana unaisikia Lushoto na huisikii Mbagala.

Halafu kuna ishu ya maji ambayo muuza miche hakwambii. Wengi wetu huku pembezoni tunamwagilia maji ya kisima, na visima vingi vya Dar vina chumvi, na mparachichi ni kati ya miti ya matunda inayoshindwa haraka na chumvi. Kingo za majani zinaungua kuanzia kwenye ncha, mtu anakimbilia duka la pembejeo ananunua dawa ya ukungu, anapiga, anapiga tena, kumbe shida iko kwenye ndoo. Ukiutaka mparachichi hapa mjini tafuta mche ambao kikonyo chake, kile kijitawi kilichounganishwa kwenye shina, kimetoka kwenye mti unaozaa hapa hapa Pwani, na uwekee maji ya mvua au ya bomba.

Ila mimi kwa kiwanja cha 20 kwa 20 napanda mstafeli kwanza kabla ya kitu kingine chochote. Haukui mkubwa sana, mara nyingi hauzidi mita 8, mizizi yake iko juu juu, unachotaka ni nyasi kavu zitandazwe kuzunguka shina ili ardhi isikauke. Watu wanalalamika mstafeli wao una maua mengi na matunda mawili matatu tu, wanasema mti mbaya, wanakata! Yaani inaniuma. Ua la mstafeli upande wa kike unakuwa tayari kabla chavua yake, ule unga wa upande wa kiume, haijatoka, na wadudu wanaoihamisha hawatoshi, basi chukua brashi laini, kusanya chavua kwenye ua lililokomaa, pakaza kwenye ua linaloanza tu kufunguka. Ni kazi ya dakika chache asubuhi na stafeli zinaongezeka.

Mwembe nao, dodo au bolibo, nunua uliobebeshwa, yaani ulioungwa kikonyo juu ya shina la mche mwingine. Huo unaanza kuzaa miaka mitatu, minne hivi, wa kokwa unaweza ukakusubirisha mara mbili ya hapo. Kile kiungio kiachwe juu ya udongo, na chochote kinachochipua chini yake kikatwe, maana kile ni mti mwingine unaotaka kumeza ule ulioulipia hela. Na ukishakuwa mkubwa Juni mpaka Agosti uache bila maji, najua inauma kuuangalia na ukavu ule, lakini kile kipupwe kikavu ndicho kinachouambia utoe maua, ukiumwagilia unapata majani.

Mfenesi ni mti wa mwenye eneo, na mbegu yake ipande ikiwa mbichi, ikikaa inakufa.

Mshelisheli sijui kwa nini watu wa bara waliohamia Dar wanauogopa, wakati unakaa vizuri kwenye mchanga wetu, asili yake ni visiwani huko Pasifiki, na shelisheli moja iliyopikwa kwa nazi inalisha familia. Wenzetu wa Zanzibar hawahitaji kuelezwa hili.

Kingine kinachoua miche Dar ni kifusi. Fundi akimaliza nyumba, mabaki ya saruji na chokaa yanasawazishwa uani, yanafunikwa na mchanga, juu yanapigwa pevingi, halafu katikati kinaachwa kiduara cha kupanda mti. Saruji inafanya udongo uwe na magadi na mti unakosa madini ya chuma, majani yanakuwa njano mishipa ikibaki kijani, na samadi peke yake hairekebishi hilo haraka. Chimba sentimita 60 kwenda chini na 60 upana, kifusi chote toa nje, rudisha udongo wa juu uliochanganywa na debe la samadi iliyoiva. Mbali na karo la maji taka, tafadhali. Shimo lichimbwe Februari ili mvua za Machi zikute mche uko ardhini.

Na mwenye mshelisheli mkubwa uani, yale machipukizi yanayotoka kwenye mizizi usiyafyeke, mti huu kwa kawaida hauna mbegu, unaenezwa kwa hayo hayo. Yang'oe na kipande cha mzizi, weka kwenye kiroba chenye udongo kivulini mpaka yashike, halafu mgawie jirani.