Taa mkubwa wa madoa: marufuku, kipimo au nyavu?

Sheria ya uvuvi ya Kenya ya mwaka 2016 ilipitishwa Nairobi, na sera nyingi za bahari bado huandikwa hapa, mwendo wa siku nzima kutoka maji ya chumvi. Umbali si kosa, ila huzaa mazoea: kanuni iliyomfaa tilapia au mbuta huchukuliwa ikavishwa samaki yeyote. Kwa taa mkubwa wa madoa, samaki bapa wa baharini ambaye wataalamu humwita Himantura uarnak, vazi hilo halimkai. Mjadala ni namna ya kumlinda: kumvua kupigwe marufuku, awekewe kipimo, au nyavu zipunguzwe.

Huyu si samaki wa sufuria moja. Akikomaa huweza kupita mita 1.5 kwa upana, na hupimwa kutoka ncha ya pezi moja hadi ya pili. Urefu haufai kuwa kipimo, kwa sababu mkia mzima unaweza kufika mara tatu ya upana na mara nyingi hukatika. Makao yake ni mchanga na tope la pwani, kando ya mikoko na kwenye milango ya mito, kuanzia ufukweni hadi kina cha mita 50 hivi. Mdomo uko upande wa chini, hivyo akijifukia huvuta maji kwa matundu mawili yaliyo nyuma ya macho. Kaa, kamba na chaza waliojificha huwabaini kwa vitundu vya ngozi vinavyohisi umeme hafifu wa miili yao.

Uzani wa mjadala wote uko kwenye uzazi. Taa hatagi. Hubeba mimba, huwalisha watoto tumboni kwa majimaji yenye mafuta na protini, kisha huzaa wachache, hadi 5 tu, kila mmoja akiwa na upana wa sentimita 21 hadi 28. Dume hukomaa akikaribia sentimita 82. Tilapia mmoja hutaga mamia ya mayai na kurudia baada ya wiki chache.

Wanaotaka marufuku wana hoja nzito hapo: samaki wa namna hii akipunguzwa, harudi upesi. Lakini marufuku itashikwa wapi? Jarife halichagui. Wavu ule ule unaotegewa papa humnasa na taa, na mvuvi anayemkuta amekufa atamtupa au atamficha. Akishapasuliwa, akatiwa chumvi na kukaushwa, hata mtaalamu kwenye soko la Nairobi hawezi kusema kwa jicho kipande kile ni cha taa gani. Chumvi nayo haiwekwi kwa ladha peke yake. Nyama ya taa ina urea nyingi inayogeuka amonia samaki akicheleweshwa, ndiyo maana hunuka haraka, na diko, yaani mahali pa kushushia samaki, lisilo na barafu halina njia nyingine. Kwa hiyo ukaguzi wenye maana ni wa dikoni, samaki akiwa mzima, wala si wa sokoni.

Wanaopinga marufuku husema basi wekeni kipimo cha chini. Hapa ndipo ninapoachana nao. Kipimo cha chini humlinda mtoto na kumhukumu mama, ilhali mama mmoja amechukua miaka mingi kufika alipo. Afadhali kipimo cha juu: anayezidi sentimita 80 arudishwe. Wazo si geni nchini, kwani Ziwa Victoria liliwahi kumwekea mbuta mipaka miwili, sentimita 50 na 85. Australia Magharibi nayo ilivuna papa wachanga wa aina moja kwa miaka mingi, kwa msingi kwamba wakubwa wasiguswe. Tahadhari ni kwamba watoto wakivuliwa kupita kiasi hakuna atakayefikia sentimita 80, hivyo kipimo cha juu bila kupunguza idadi ya nyavu ni nusu ya dawa.

Kumrudisha nako kuna kasoro. Taa humudu wavuni kuliko papa wengi, kwa kuwa husukuma maji mwenyewe bila kuogelea. Lakini jike mwenye mimba akishikwa huweza kuiharibu papo hapo. Mama huenda zake, kizazi cha mwaka kimepotea. Ili hasara ipungue asipandishwe chomboni: abaki majini, nyuzi zikatwe, asivutwe kwa mkia, kwa yale matundu wala kwa kulabu. Mwiba wa mkiani ukimchoma mtu mguuni, jeraha litumbukizwe kwenye maji ya moto yanayovumilika, nyuzijoto 45 hivi, kwa nusu saa hadi saa moja na nusu, kisha aende hospitali. Ulioingia kifuani, shingoni au tumboni usichomolewe mpaka afike kwa daktari.

Matrola ya kamba, meli zinazoburuta nyavu chini ya bahari, katika ghuba ya Malindi na Ungwana ni jambo la pembeni linalostahili kuwa la kati. Kamba hupenda tope lile lile la taa. Vyuma vya kuwatolea kasa wavuni, vyenye nafasi ya sentimita 10 hivi kati ya fito, humtoa pia taa mkubwa. Taa mchanga ni mwembamba, hupenya na kubaki ndani. Kifaa hicho basi hutimiza kipimo cha juu bila askari, mradi kisifungwe kwa kamba meli ikishatoka bandarini.

Nairobi yenyewe haiko nje ya makao haya. Maji machafu ya Mto Nairobi huingia Athi, Athi ikawa Galana, na Galana humwagika Sabaki, kaskazini mwa Malindi. Udongo unaoteremka huumiza matumbawe na nyasi za bahari, ingawa taa mpenda tope hasumbuki nao kwa kiwango hicho. Sumu inayojishika kwenye tope ni habari nyingine, maana chaza huichuja na taa humla chaza.

Linalobaki ni gharama. Kukata jarife ili kumwokoa taa mmoja ni kuharibu mali ya mvuvi, na mtumbwi mdogo una nyavu chache. Kanuni ya sentimita 80 isiyosema nani atalipia nyuzi zilizokatwa itafuatwa siku ambayo afisa yuko dikoni, na siku hizo ni chache.