Kosa: Mobile Legends. Adhabu: kambi ya jeshi

Bado naiwaza orodha ile ya makosa ya wanafunzi. Mei 2025 Dedi Mulyadi, gavana wa Jawa Magharibi, Indonesia, alianza kupeleka wanafunzi watukutu kambini kwa wanajeshi wakanyooshwe. Wilaya ya Purwakarta ikatoa watoto wa SMP, yaani sekondari ya chini, wale wa shati jeupe na bluu nzito chini, vichwa vikanyolewa. Walengwa ni nani? Wapigana tawuran (ugomvi wa makundi ya wanafunzi), walevi na, jamani, wanaokesha na Mobile Legends, mchezo wa simu wa watano kwa watano. Juni ikaja amri nyingine: mwanafunzi asionekane nje kuanzia saa 3 usiku hadi saa 10 alfajiri.

Haya, tawuran siitetei. Mtoto wa miaka 14 aliyeficha mundu kiunoni lazima azuiwe. Pikipiki nazo ni balaa: leseni ni miaka 17, asiye nayo faini hufika rupia milioni 1 au kifungo cha miezi 4, lakini Honda Beat za watoto wa SMP zimepangwa kwenye nyua za majirani wa shule, mwenye nyumba anakusanya ada ya maegesho. Huyo kambini hapelekwi.

Ila hakuna mkubwa anayejibu swali dogo: wakae wapi?

Turudi Julai 2022, Jakarta. Vijana wa Citayam, Bojonggede na Depok, nje ya jiji, wengine wa rika la SMP, wengine shule walishaiacha, walikuwa wamepiga hesabu ya treni: rupia 3,000 kwa kilomita 25 za kwanza, 1,000 kwa kila 10 zinazofuata. Unashuka stesheni ya Manggarai, unabadili treni, unaibukia Sudirman, katikati ya jiji, na maghorofa ya vioo yote ni yako kwa nauli isiyofika bei ya bakuli la seblak, chakula cha mtaani. Pale jirani, Dukuh Atas, kuna zebra: ndiyo jukwaa lao la mavazi. Mwenzako anachuchumaa ng'ambo, simu kaigeuza juu chini, kamera iwe karibu na lami ili miguu itoke mirefu. Magari yakisimama unatembea, bila kukimbia wala kucheka, maana ukicheka mnarudia na madereva wameshaanza honi. Nguo ni za mitumba, Pasar Senen ipo kwa kazi hiyo. (Kule kuingiza mitumba ni marufuku, mwaka 2023 marobota yalichomwa moto. Fikiria wangefanya hivyo soko la Karume, Dar.)

Wakubwa wakaja. Kwanza kupiga picha nao. Halafu mwigizaji Baim Wong akaomba kusajili Citayam Fashion Week, jina la maonyesho yale ya zebra, liwe alama yake ya biashara! Watu wakafoka, akaondoa maombi. Vijana nao wakawa wanatimuliwa saa 4 usiku, eti foleni. Aliyekosa treni ya mwisho alilala kando ya barabara, na kulala huko kukawa ushahidi kwamba hana malezi.

Shuleni hakuna nafuu. Suruali ikibanwa modo, wapo walimu wanaopitisha chupa ya soda mguuni: isipopita, mkasi. Nywele zinakatwa kipande upande mmoja tu, makusudi, ili kinyozi alazimike kumaliza kazi.

Basi wamebaki na viti vya nje vya duka la Indomaret. Watano, vikombe viwili vya chai ya barafu, hotspoti ya mmoja. Wenyewe wanaita mabar, yaani kucheza pamoja. Watano wakining'inia kwenye hotspoti moja ping (ucheleweshaji wa mtandao) inapanda, shujaa anaganda katikati ya pambano, lawama zinamwangukia mwenye bando. Mechi huenda dakika 15 hivi na haina kitufe cha kusimamisha. Mama akikutuma dukani ukaondoka, wenzako wanabaki wanne na wewe unakatwa alama za uaminifu. Zikishuka sana, mechi za daraja unafungiwa. Ndiyo maana "nakuja" yao haiishi.

Sasa mechi iliyoanza saa 3 kasoro dakika 5, mheshimiwa gavana, tuifanyeje?