Nyumba Haijahama, Wilaya Ndiyo Imehama

Leo fomu imenirudia kwa mara ya tatu. Mara ya kwanza walisema nimejaza kwa wino wa buluu. Mara ya pili picha yangu ilikuwa inacheka, mimi ambaye hata siku ya harusi yangu sikucheka. Leo, baada ya kukaa kwenye benchi tangu alfajiri hadi mgongo ukachukua umbo la benchi, nimeambiwa ninapokaa hapapo.

Binti wa dirisha namba tatu ana kucha ndefu, hivyo kompyuta anaibonyeza kwa ncha ya kalamu, herufi moja moja, kama kuku anayedonoa.

"Mzee wangu, hapa kwenye wilaya umeandika nini?"

"Nimeandika wilaya, binti yangu. Ile ninayokaa."

"Hiyo imegawanywa."

"Na nyumba yangu?"

"Nyumba ipo. Ila kwenye mfumo haisomi."

Haisomi! Nyumba ya matofali, yenye bati linalovuja juu ya mto wangu tu na si mahali pengine popote, haisomi. Nimetokea mlangoni mwake asubuhi hii hii. Yaani nililala wapi?

Kalamu yake ikagoma. Akaniangalia mfuko wa shati. "Mzee, niazime hiyo." Nikampa. Mtu hamnyimi kalamu anayeshika fomu yake.

Sasa mimi ni mtu wa kusoma kidogo, hasa nikiwa kwenye foleni, na kwa foleni nilizopanga maishani ningestahili uprofesa. Nikarekebisha kola, nikaona nimweleweshe kwa heshima kwamba jambo hili lina ukoo. Nikamwambia, binti yangu, mfalme Dario wa Uajemi aliigawa himaya yake, na Herodotus, mwanahistoria wa Kigiriki, anahesabu satrapi 20, yaani majimbo, kila moja na kodi yake. Mtawala wake aliitwa satrapu, maana yake mlinzi wa ufalme. Na kwa kuwa mlinzi naye hulindwa, Wagiriki wanasimulia kulikuwa na mkaguzi aliyeitwa Jicho la Mfalme. Sasa mimi hapa natafuta jicho lolote linione, hata la karani.

"Kwa hiyo wilaya niandike Uajemi?"

Jamaa wa nyuma yangu, yule aliyekuwa ameweka mfuko wa plastiki kwenye foleni umwakilishe, akacheka. Nikampuuza. Nikaja kwa Diocletian, na hapa ndipo damu huwa inanichemka. Huyu kaisari wa Roma alianza kutawala mwaka 284. Alikuta majimbo yapata 50, akayakatakata hadi yakakaribia 100. Halafu akaona yamekuwa mengi mno, akayafunga mafungu 12, kila fungu likaitwa dayosisi. Ndiyo, dayosisi hiyo hiyo unayoijua. Kabla ya kuwa ya askofu ilikuwa ya mtoza kodi. Na kila kipande kikataka gavana wake, gavana akataka makarani wake, makarani wakataka dirisha. Mtu mmoja wa zama hizo, Lactantius, alilalamika kwamba wanaopokea wamezidi wanaotoa. Nilipomsoma mara ya kwanza nilisimama. Miaka 1,700, na mwenzangu alikuwa benchi hili hili!

"Halafu ikawaje?" akauliza binti, na kwa dakika moja nikadhani nimempata.

"Mwaka 305 akang'atuka, akaenda kwao kulima kabichi. Walipomwomba arudi madarakani akajibu kama wangeziona kabichi zake wasingemsumbua."

"Huyo alifanya la maana," akasema, akadonoa herufi mbili. "Mfumo umekataa."

Akaitwa mkuu wa kitengo. Mkuu akaja na ramani, akaikunjua juu ya kaunta, akavaa miwani, akavua, akaifuta kwa tai. Akauliza kwangu kuna mti gani. Nikasema mwembe. Akauliza mwembe uko upande gani wa choo. Nikamwonyesha kwa mikono. Akachora mstari kwa ukucha wa kidole gumba, taratibu, kama mshona nguo anayepima kitambaa, kisha akatoa hukumu: mpaka mpya unapita uani kwangu. Sebule iko wilaya ya zamani. Choo kimehamia mpya.

Fikiria. Usiku wa manane nasafiri nikiwa na kandambili.

Nikawaambia kwamba haya yana ufumbuzi. Uko mji wa Baarle, kati ya Ubelgiji na Uholanzi, ambako mpaka wa nchi, siyo wilaya, wa nchi kabisa, unakatiza ndani ya majengo. Wenyewe wanaangalia mlango wa mbele: mlango ulipo, ndipo nyumba ilipo. Basi. Hakuna anayeuliza mwembe.

Mkuu akanisikiliza kwa makini, akatikisa kichwa, akasema, "Sawa mzee. Leta barua kutoka huko Baarle."

Jamani.

Hapo heshima ikaanza kuniponyoka. Nikasema kwa sauti, na foleni nzima ikasikia, kwamba Wafaransa mwaka 1790 walifuta majimbo yao yote ya kale wakachora idara 83, wakazipa majina ya mito na milima. Na wazo lilikuwa kwamba mwananchi aweze kufika makao makuu ya idara yake ndani ya siku moja. Kufika, siyo kufukuzwa! (Ni kweli kabla ya hapo kulikuwa na bingwa aliyetaka nchi nzima ikatwe miraba, kama daftari la hesabu. Kila kizazi na bingwa wake.) Nikasema Wainka wa Amerika Kusini hawakuwa na kompyuta, hata maandishi hatuwasikii nayo. Walikuwa na kamba zenye mafundo. Himaya yao waliiita Tawantinsuyu, sehemu nne kwa pamoja, mji mkuu Cusco ukiwa katikati, na kaya zikapangwa kwa makumi, mamia, maelfu, hadi 10,000. Kila kundi na mkubwa wake. Mtu alihesabiwa kwa fundo la kamba na akaonekana! Mimi nina namba tarakimu kibao, nina kitambulisho, nina nakala ya kitambulisho, nina nakala ya nakala, na sisomi!

"Mzee, punguza sauti," akasema mlinzi, yule yule aliyenikagua getini akachukua dakika tano kuusoma mwavuli wangu.

Nikapunguza. Lakini ukishafunguka kufunga ni kazi. Nikamwambia mlinzi, ambaye hakuwa ameuliza, kwamba Waosmani, wale watawala wa Kituruki, mwaka 1864 walitunga sheria ya kugawa nchi kwa ngazi: vilayeti juu, chini yake sanjaki, chini yake kaza, hadi chini kabisa kijijini. Vilayeti ndiyo wilaya yetu hii, neno moja la Kiarabu lililopita njia mbili, na mtawala wake, vali, ni ndugu wa liwali wetu wa zamani. Kaza nayo ilitokana na mamlaka ya kadhi, lakini sisi tulio kwenye foleni tunajua tunachoambiwa. Kaza moyo, mwananchi.

Mlinzi akasema babu yake aliwahi kutumikia kwa liwali. Tukaongea kidogo kuhusu babu yake. Alikuwa na baiskeli ya kwanza kijijini, akaiogopa, akawa anaikokota tu hadi ikazeeka. Mtu mzuri, huyu mlinzi. Nimemwonea bure.

Niliporudi dirishani nikakuta kijikaratasi: "Mhusika ametoka kidogo." Fomu yangu ilikuwa juu ya kaunta, imepigwa mhuri mwekundu wa kurudishwa. Kwenye nafasi ya wilaya mtu amekata nilichoandika, hakuandika kingine. Pembeni ameweka alama ya kuuliza, na kwa haki niseme ameiweka kwa mwandiko mzuri.

Nikaulizia ofisi ya wilaya mpya iko wapi. Wakasema bado haijajengwa, kwa sasa inatumia jengo hili hili, dirisha namba tisa. Nikaenda namba tisa. Foleni yake inaanzia nje, karibu na choo, na jamaa wa mfuko wa plastiki alikuwa tayari wa nne.

Nikachukua nafasi, nikakunjua fomu mpya, nikapeleka mkono mfukoni. Kalamu yangu iko dirisha namba tatu.