D ya Baba Mkwe

Baba mkwe wangu analima zabibu Hombolo. Kompyuta yake ni Pentium 4 yenye Windows 98, diski ya GB 40 na vumbi la misimu yote ya Dodoma. Tulipomaliza mbukwenyi na shikamoo, akaniuliza: "Mkwe, lile gemu la kuruka mashimo bado lipo duniani?" Prince of Persia, la 1990. Nikajua leo napata heshima ukweni.

Usiku nikachukua flashi ya GB 2, nikafungua Rufus, programu ya kuifanya flashi iweze kuwasha kompyuta, kwenye laptop, nikachagua FreeDOS, mfumo wa DOS wa kuendeshea magemu ya zamani. Rufus huweka kiini tu, kwa hiyo nikanakili mwenyewe folda ya gemu, pamoja na FORMAT.EXE, programu ya kufuta diski nzima. Hiyo ya pili nani alinituma, sijui.

Asubuhi nikabonyeza Del mashine ikiwaka, nikaitanguliza USB-HDD, yaani flashi, kwenye BIOS (mipangilio ya kuwashia mashine), F10 kuhifadhi. Kufumba na kufumbua, C:\> hiyo hapo. Mzee akacheza mpaka chai ikapoa, spika ya ndani ikilia kama kifaranga kilichopotezana na mama yake. Ile haina pa kupunguzia sauti.

Wakati wa kuondoka nikataka kuisafisha flashi. Kwenye Windows flashi huja nyuma ya C, herufi ya diski kuu, basi nikaandika FORMAT D: nikagonga Enter. Skrini ikaonya: diski ISIYOCHOMOLEKA itapoteza kila kitu. Nikaisoma kabisa. Nikaandika YES, herufi zote tatu, kwa madaha.

Sasa, ukiwasha mashine kwa flashi, BIOS huihesabu flashi kuwa diski ya kwanza. Yenyewe ndiyo C. D ni ya mwenye nyumba. Ingekuwa na mpangilio wa mafaili wa NTFS, FreeDOS isingeiona. Windows 98 hutumia FAT32, ikaiona vizuri sana.

Nikaifungua kesi, nikaunga diski kwa adapta ya IDE (kiunganishi cha diski za zamani) kwenda USB, nikaendesha PhotoRec, programu ya kufukua mafaili yaliyofutwa. Mafaili nikayatolea kwenye diski nyingine. Ukiyatolea palepale unafukia unachokifukua. Majina hayarudi. Faili lililotawanyika vipandevipande hutoka bovu, maana ramani yake fomati imeshaifuta. Orodha ya wadaiwa wa zabibu, iliyoguswaguswa kila msimu, ikatoka alama za ajabu tupu. Lililoandikwa mara moja likakaa sehemu moja, hilo husalimika.

Likasalimika moja: f0183552.doc. Mzee akavaa miwani, akasoma taratibu.

"Mahari. Salio, ng'ombe wawili."